Moyo Uliowekwa Kwenye Faili Lisilo Lake

Kidole cha Dada Waya kilikuwa bado juu ya kipanya, pale pale tulipokiacha juma lililopita, na macho yake yalikuwa yameganda kwenye mstari mmoja mdogo chini ya mchoro wa moyo.

Mstari huo aliuandika yeye mwenyewe, siku ya Alhamisi. "Kovu la umeme kifundo cha mkono wa kushoto. Nimebandika begani."

Faili lilikuwa la Mwalimu.

Na Mwalimu, mstaafu wa miaka sabini mwenye mikono laini kama karatasi ya mtihani, hana kovu hata la kuparuliwa na paka.

"Mungu wangu," akasema Dada Waya. Alisema polepole tu. Miaka kumi na tisa ya kubandika waya kwenye vifua vya watu ilikuwa imemmalizia makelele yote.

"Umeona nini?" ikauliza sauti nyuma yake.

Zile hatua mlizozisikia juma lililopita zilikuwa za Daktari tu, na kiatu kimoja kilichoachia soli. Alikuwa ameshika kikombe cha chai iliyopoa, na uso wake ulikuwa uso wa mtu aliyeambiwa alale akasahau namna.

"Huu moyo si wa Mwalimu," akasema Dada Waya.

"Moyo gani?"

"Huu unaosimama sekunde nne. Huu uliouandikia betri ya kuusukuma. Si wake."

Daktari akaweka kikombe juu ya mashine, jambo alilokataza mwenyewe kwa barua.

"Ni wa nani?"

"Fundi Lifti."

Feni ya kompyuta ikawa inakoroma peke yake.

"Fundi Lifti nilimwambia yuko mzima," akasema Daktari.

"Ulimwambia moyo wake unaweza kukimbia mpaka mpakani na kurudi."

"Nilisoma mchoro uliokuwa kwenye faili lake!"

"Ulisoma wa Mwalimu, Daktari. Ndio uliokuwa kwenye faili lake."

Kwa mgeni aliyeingia leo kwenye hadithi hii, kazi ya Dada Waya ni hivi. Ana kasha lenye waya kumi, limeunganishwa na kompyuta. Waya nne huenda mikononi na miguuni, sita kifuani, na moyo unajichora wenyewe kwenye kioo. Kazi ya dakika tatu. Lakini kabla ya kuchora, kompyuta inadai kwanza mambo tisa: jina, mwaka wa kuzaliwa, simu, kazi, ndugu wa karibu, na mengine ambayo hata polisi hawaulizi. Na foleni saa mbili asubuhi ina watu thelathini, wengine wamelala ukutani.

Basi Dada Waya alijitafutia njia. Waliofunga kompyuta waliacha faili moja la kujifunzia, jina lake JARIBIO. Kila asubuhi alilifungua hilo, akawapima watu wote ndani yake mmoja baada ya mwingine, chapuchapu. Foleni ikiisha mchana, anakaa, anafungua daftari lake la mistari, anagawa mioyo kwa wenyewe. Moyo wa kwanza kwa mtu wa kwanza kwenye daftari. Wa pili kwa wa pili. Mpaka chini.

Miaka miwili alifanya hivyo, na hakuna aliyelalamika. Waliotakiwa kulalamika, kama walikuwapo, hawakujua.

Sasa akalivuta daftari. Alhamisi. Namba saba, Mwalimu. Namba nane, Fundi Lifti.

"Walibadilishana nafasi," akasema. "Na mimi sikufuta kwenye daftari."

Daktari akaufunga mlango kwa kisigino. "Nisikilize. Rudisha kila mchoro mahali pake. Sasa hivi. Kimya kimya. Halafu tunampigia Fundi, tunamwambia kuna kipimo kidogo cha kurudia. Kidogo tu. Nani atajua?"

"Na Mwalimu? Si leo saa nne anapasuliwa kifua hospitali kubwa awekewe betri?"

Daktari akajipiga paji la uso. Alikuwa amesahau. Watu wamechoka, jamani, msimwone mbaya haraka hivyo.

"Daktari," akasema Dada Waya, "mimi uongo siuwezi leo. Uongo unataka mtu aliyelala vizuri."

Akachukua simu, akasoma namba ya Fundi Lifti kwenye kioo, akaipiga.

Mapokezi, upande wa pili wa ukuta, simu ikalia.

Wakatazamana. Ikalia tena. Wakasikia kiti kikisogezwa, kikohozi, halafu sauti nzito ikasema mara mbili, mara moja kupitia ukuta na mara moja sikioni mwa Dada Waya:

"Zahanati. Sema shida yako."

Huyo ni Bwana Faili, aliyetunza mafaili ya karatasi miaka ishirini na mitano mpaka yakachukuliwa, akabakiwa na jina.

"Bwana Faili, ni mimi."

"Wewe nani?"

"Dada Waya!"

"Dada Waya yuko chumba cha pili hapo, ninamsikia anaongea. Acha utani, mama, watu tuna kazi."

Akakata.

Daktari alikuwa amefumba macho. "Umeandika namba gani kwenye faili lake?"

"Ya hapa," akasema Dada Waya. Sauti ilikuwa imekwenda chini kabisa. "Kompyuta haipokei mtu asiye na namba. Na kumuuliza kila mmoja... Nimewaandikia wote ya hapa."

"Wote?"

"Wote."

Mlango ukagongwa, ukafunguliwa bila kungoja, na Bwana Faili akachungulia akiwa amechukia. "Kuna mtu anakuiga sauti kwenye simu," akamwambia Dada Waya. "Tena anakuiga vibaya. Halafu kuna mzee hapa amekataa kukaa foleni. Anasema amekuja kurudisha mali ya watu."

Kabla hajamaliza, mzee mwenyewe akampita chini ya kwapa.

Alikuwa Mwalimu! Kavaa koti, kafunga tai, na mkononi ana bahasha ya kwenda upasuaji, haijafunguliwa ila imefunguliwa, mnajua tena, kwa mvuke wa birika.

"Shikamoo, Mwalimu," wakasema wote watatu kwa pamoja, kama darasa.

"Marahaba. Kaeni." Wakakaa. "Daktari, mwanangu, nimekuja kurudisha moyo."

"Mwalimu, wewe saa hizi ulitakiwa uwe..."

"Juu ya meza, najua. Sikwenda. Mke wangu kalia, wanangu wamenipigia simu kutoka kila upande, baba usiwe mbishi. Nikawaambia nimesahihisha karatasi miaka thelathini na minane. Mtoto mvivu akiandika kama profesa, unajua mara moja karatasi imebadilishwa. Mimi kila asubuhi napanda kilima kumfuata mbuzi. Moyo wa kusimamasimama nimeutoa wapi?"

Daktari akafungua mdomo. Mwalimu akainua kidole.

"Sijamaliza. Alhamisi, pale kwenye benchi, nilimpisha kijana mmoja fundi. Alikuwa anatazama saa kila baada ya dakika. Nikamwambia pita, una kazi, mimi nawahi wapi? Sasa nauliza kama mtu asiyejua kompyuta. Mashine yenu ilijua kwamba nimempisha?"

Dada Waya akainamisha kichwa. "Mashine haina kosa, Mwalimu. Kosa ni langu."

Mwalimu akakishusha kidole chake. Alikuwa amejiandaa kugomba, ilionekana, na mtu aliyejiandaa hivyo akikiriwa kosa mapema hubaki na maneno mkononi hana pa kuyaweka.

"Haya," akasema. "Yule fundi mmempata?"

"Hatuna namba yake."

"Si mnayo kwenye kompyuta?"

Bwana Faili akakohoa. Hapo ndipo alipoelewa nani alimpigia simu.

"Hamna," akasema Daktari kwa ukali. "Hatujui yuko wapi."

"Mimi najua," akasema Mwalimu. "Benchi lile tulikaa saa nzima. Kanieleza maisha yake yote. Siku hizi anatengeneza lifti ya wagonjwa, hospitali kubwa. Anafanya kazi juu ya kasha la lifti, ndani ya shimo, ghorofa ya tano. Nikamwambia kazi hiyo inataka moyo. Akacheka, akasema ndiyo kaja kuupima."

Mtu mwenye moyo unaozimika sekunde nne, amesimama juu ya kasha la chuma, chini yake shimo.

"Twendeni," akasema Dada Waya. Alikuwa ameshavua ndara za kazini na kuvaa viatu, na viatu vilikuwa vinambana, maana miguu yake huvimba kuanzia saa tatu.

"Mwalimu, wewe nenda nyumbani ukapumzike," akasema Daktari.

"Nafasi ya upasuaji si imeandikwa jina langu? Nitaikabidhi mwenyewe kwa mkono wangu. Nyinyi mkikabidhi kitu kinafika kwa jirani."

Gari la Daktari liliwaka mara ya tatu. Njiani Daktari alipiga simu hospitali kubwa mara nne. Mara ya kwanza akawekewa muziki. Mara ya pili akaambiwa apige idara ya ufundi. Idara ya ufundi wakasema Fundi si wa kwao, ni wa kampuni. Mara ya nne wakampa namba ya simu ya mkononi ya Fundi mwenyewe, ikaita mpaka ikakata. Mafundi lifti hawaingii na simu shimoni. Wakiingia wanaiacha kwenye koti, na koti linaachwa kwenye msumari.

Walipofika, mbele ya lifti palikuwa na kibao: HAIFANYI KAZI, TUMIA NGAZI.

Wakatumia ngazi.

Ngazi zilikuwa zimejaa. Wagonjwa waliozoea lifti walikuwa wamekaa kila baada ya ngazi tatu, wanangoja mapafu yao yawafikie. Mama mmoja mwenye mguu wa plasta alimuuliza Dada Waya, "Na wewe unaenda ghorofa ya ngapi, mwenzangu?"

"Ya tano."

"Pole. Mimi ya tano naenda tangu asubuhi."

Ghorofa ya tano milango ya lifti ilikuwa wazi, imezuiwa kwa kipande cha mbao. Mtu mnene mwenye kofia ya manjano alikuwa kachuchumaa ukingoni, kashika tochi. Huyo ni mwenzake Fundi, mtu wa kumpitishia vifaa.

"Yuko wapi?" akauliza Dada Waya. Pumzi ilikuwa imebaki ghorofa ya tatu.

"Nani?"

"Fundi!"

"Huyo chini hapo. Kwani kafanya nini?"

Dada Waya akapiga magoti kwenye sakafu, akachungulia. Mita mbili chini, juu ya kasha la lifti, Fundi Lifti alikuwa amesimama akikaza nati, mguu mmoja huku, mguu mmoja kule, taa kichwani. Pembeni mwake, kati ya kasha na ukuta, palikuwa na upenyo mweusi wa kupita mtu.

"Fundi," akaita kwa upole, kama anaamsha mtoto. "Umefunga mkanda wa usalama?"

Taa ikageuka juu. "Aa! Yule dada wa waya! Umenifuata mpaka kazini? Mke wangu akisikia..."

"Mkanda, Fundi."

"Mkanda unanibana. Huyo mwenzangu hapo ndiye wa kufunga mikanda, ana tumbo la kuushikilia."

"Kaa chini."

"Nikae?"

"Kaa chini hapo ulipo. Usipande, usishuke. Kaa."

Akacheka. Kicheko chake kikapanda shimoni, wagonjwa waliokuwa ngazini wakaanza kusogea kuangalia. "Dada, mimi si mgonjwa wako tena. Daktari kaniambia moyo wangu ni wa mwanariadha. Karatasi ninayo, nimeibandika jikoni. Tangu siku ile nyumbani sinyanyui hata ndoo bila kuisoma kwa sauti."

Watu wakacheka. Dada Waya akasikia Daktari nyuma yake akinong'ona, "Mwambie ni dharura nyingine. Mwambie mkewe anaumwa."

Hakumsikiliza.

"Karatasi ile si yako," akasema. Aliinua sauti, kwa sababu ya shimo, na kila mtu akasikia. "Nilikosea mimi. Niliweka moyo wako kwenye faili la mtu mwingine, na wa kwake kwako. Wako unasimama, Fundi. Unasimama sekunde nne nzima halafu unaanza tena. Kile kizunguzungu ulichonitajia Alhamisi, anacholalamikia mkeo, ni hicho."

Kicheko ngazini kikakoma.

Taa ya kichwani mwa Fundi ilimpiga Dada Waya machoni, hakuweza kuuona uso wake.

"Haya," akasema Fundi. "Ngoja nimalize nati hii moja."

"Fundi!"

"Moja tu, dada. Nikiiacha hivi lifti itaua watu."

Akainama. Wakasikia chuma kikisaga, mara moja, mara mbili. Halafu kitu kikaanguka. Kiligonga ukuta, kikagonga tena chini zaidi, kikagonga tena mbali kabisa, na mwisho mlio mdogo wa chuma kwenye saruji.

"Fundi?"

Kimya.

Mtu mwenye kofia alikuwa ameshajitupa ndani. Mnene yule, ambaye ngazi mbili humtoa jasho, aliteremka zile mita mbili kwa mikono kama nyani. Tochi yake ikamkuta Fundi amepiga magoti, ameegemea kamba za chuma, mikono imelegea.

"Nimeangusha spana," akasema Fundi. Sauti ilikuwa ya mtu anayetoka usingizini. "Sijui nimeiangushaje. Nilikuwa nimeishika."

Mwenzake akamfunga mkanda bila kusema neno. Kisha akasema. Maneno aliyomwambia Fundi kuhusu akili yake na ukoo wake siwezi kuyaandika kwenye gazeti linalosomwa na watoto.

Walimvuta watu wanne. Akalazwa kitanda cha magurudumu pale pale koridoni, na hospitali ikaleta mashine yake, ndugu wa ile ya zahanati. Dada Waya akaomba ampime yeye. Wakamwachia.

Safari hii alianza na jina.

"Mwaka wa kuzaliwa?"

Fundi akataja.

"Simu? Yako, si ya mtu."

Akataja.

"Ndugu wa karibu?"

"Mke wangu. Lakini msimpigie kabla sijajua nitamwambia nini. Ile karatasi ya jikoni itanitesa mpaka kaburini."

Mambo yote tisa. Nyuma yake muuguzi alikuwa anagongagonga kalamu. Ndipo akabandika: wa mkono wa kushoto begani, kuliacha kovu, na nyingine mahali pake.

Mstari ukaanza kupita kwenye kioo. Kilima, bonde, kilima, bonde. Fundi akageuza shingo aone. "Si unatembea vizuri tu?"

Mstari ukalala.

Ulilala kimya kama barabara ya Ijumaa mchana, ukaenda, ukaenda, na macho ya Fundi yakapanda juu, midomo ikabaki wazi kwenye neno alilokuwa analianza. Kisha kilima. Kisha kingine.

"...nini?" akamalizia Fundi. "Mbona mmenikodolea macho?"

Daktari wa upasuaji, mama mfupi mwenye kofia ya kijani, alikuwa amesimama mlangoni na ameona yote. "Nafasi ya saa nne mgonjwa wake hakuja," akasema. "Chumba ni changu mpaka saa sita. Huyu naweza kumwekea betri sasa hivi. Mbadilisheni jina kwa karani."

Saa ya ukutani ilisema tano na dakika ishirini. Mwalimu akatoa bahasha yake kwa mikono miwili. Mnaona? Mambo yamenyooka.

Hayakunyooka.

Karani wa hospitali kubwa alikaa nyuma ya kioo chenye tundu, mwisho wa korido hiyo hiyo, miwani imeshuka puani. Akagonga herufi, akasoma, akatikisa kichwa.

"Huyu ana moyo mzima."

"Kilikosewa kipimo," akasema Dada Waya. "Kile cha pili, cha leo, ndicho cha kweli."

"Hapa kuna kipimo cha Alhamisi kimetiwa sahihi, mzima. Kompyuta hainiruhusu kumpeleka mtu mzima kupasuliwa, dada, inanifungia. Sharti kile cha Alhamisi kifutwe, na wa kukifuta ni aliyekipima."

"Ni mimi niliyepima."

"Jina?"

Dada Waya akataja jina lake kamili, lile ambalo hata mumewe hulikumbuka akiwa na hasira tu. Karani akaandika. Akaandika tena.

"Hayupo mtu huyu."

"Ndiye mimi hapa."

"Nakuona. Kompyuta haikuoni. Zahanati yenu ina mpimaji mmoja tu. Sista Mkuu. Vipimo vyote ni vyake, cha Alhamisi na vya miaka miwili. Wewe hujapima moyo hata mmoja."

Dada Waya akashika ukingo wa dirisha. Siku kompyuta ilipoletwa zahanati, waliahidiwa kila mfanyakazi neno lake la siri. Likaja moja tu, la Sista Mkuu, na Sista akaliandika kwenye karatasi akaibandika chini ya kibodi, ili kazi isilale. Kila aliyeingia, aliingia kama Sista. Lilikuwa jambo dogo. Hakuna aliyewahi kulifikiria mara mbili.

"Basi mwiteni huyo Sista," akasema karani. "Aje afute mwenyewe, dakika moja."

Daktari akajibu huku akiangalia sakafu. "Tulimzika mwezi wa pili."

Karani akavua miwani.

"Kwa hiyo Alhamisi," ikasema sauti ya Fundi kutoka kitandani, "nilipimwa na marehemu?"

"Nyamaza," akasema Mwalimu. "Unautumia moyo wako vibaya."

Saa tano na nusu.

"Kuna njia moja," akasema karani, na sasa hakuwa na ule ukavu wake. "Mfanyakazi akifariki, mwingine anaweza kurithi kazi zake. Nikiweka jina lako, vyote vilivyopimwa tangu mazishi vinakuwa vyako. Siwezi kuchagua kimoja, dada. Ni vyote elfu moja mia nne na sita. Waliopona ni wako. Waliokufa, wako. Mtu akija kuuliza, atakuuliza wewe."

"Ngoja," akasema Daktari. Alimshika mkono. "Ngoja kwanza. Umebakiza miaka mitatu ustaafu. Turudi, tuzungumze na wakubwa, tutafute mwanasheria. Kesho..."

"Kesho nani atamshikia spana?"

Daktari akauachia mkono.

Dada Waya alitazama kitanda cha magurudumu. Fundi alikuwa anajaribu kutania, lakini vidole vyake vilikuwa vimeshika shuka kama vimeshika ukingo wa shimo. Alitamani kukaa. Kwa kweli, alitamani kitu hicho kimoja tu duniani: kiti, na viatu pembeni.

"Andika," akasema.

Karani akaandika, herufi moja moja. Akamgeuzia kibodi, Dada Waya akakifuta kipimo cha Alhamisi kwa mkono wake. Kufuli dogo jekundu kwenye kioo likapotea. Karani akapiga kengele, na magurudumu yakaanza kulia koridoni, Mwalimu akitembea kando yake na koti la Fundi mkononi, akimuuliza kama amewahi kufuga mbuzi.

Saa tano na dakika thelathini na nane. Ameiwahi nafasi.

Daktari akatoa pumzi ndefu. Dada Waya akatafuta kiti kwa macho, akakiona, akapiga hatua moja.

"Dada," akaita karani. "Njoo kidogo. Hiki cha jana mlimpima nani?"

"Jana Jumapili. Tulikuwa tumefunga."

"Hapa pana kipimo. Saa tisa alasiri, mashine yenu. Mwanamke, miaka thelathini na minne. Kimetiwa sahihi kwa neno la Sista Mkuu. Moyo mzima."

"Haiwezekani. Funguo za zahanati ziko mbili tu. Moja ninayo mimi hapa, ya pili anayo..." Akageuka. Daktari alikuwa anakitazama kile kiatu chake kilichoachia soli, kana kwamba ndio kwanza anakiona.

Karani alikuwa anaendelea kusoma, midomo inacheza bila sauti. Kisha akasoma kwa sauti. "Aliletwa hapa usiku. Wodi namba sita. Amefariki leo alfajiri."

"Hicho si changu," akasema Dada Waya.

Karani akamtazama kwa huruma, ile huruma ya mtu asiye na la kufanya.

"Dakika mbili zilizopita, dada, hakikuwa chako."